Aibu ya Aliye Hai

Wahenga walisema kwamba aibu ya maiti aijuaye ni mwosha. Methali hii tumeisikia tangu utotoni, na twaitumia kwa mambo mengi, lakini ni wachache miongoni mwetu waliokaa wakaipima maana yake ya kwanza. Mtu afapo katika pwani yetu, mwili wake haukabidhiwi kila mpita njia. Huchaguliwa watu wachache waaminifu, wanaume kwa maiti ya mwanamume na wanawake kwa maiti ya mwanamke. Mlango hufungwa, shuka huzungushwa, na nguo hutandazwa juu ya mwili, hata mkono wa mwosha hupita chini ya nguo hiyo. Aonalo mwosha, liwe kovu au kilema, humpasa kulinyamazia mpaka naye aingie kaburini. Hayo yote hutendwa kwa ajili ya mtu asiyeona tena, asiyesikia tena, wala asiyeweza kutahayari.

Nakuuliza, msomaji kijana: ikiwa maiti anastahili shuka, aliye hai anastahili nini?

Naandika haya nikiwa mwalimu katika Mackinnon Road, mji mdogo ulio kando ya reli na barabara kuu iendayo Mombasa, upande wa nyika wa Kaunti ya Kwale. Wasafiri wengi waujua mji huu kwa sababu ya msikiti na kaburi la Sayyid Baghali Shah lililo karibu na reli, ambapo madereva husimama wakaomba dua ya safari njema. Sisi wakazi twaujua kwa mambo mengine: ukavu wa nyika ya Taru, vumbi, na urefu wa njia. Mgonjwa wa huku aingiapo katika chumba cha mganga amekwisha kulipa gharama kubwa kabla ya kutoa senti moja. Ametembea tangu alfajiri, amepanda gari kwa nauli ya kukopa, na amekaa juu ya benchi mpaka jua likawa utosini. Akifika mwisho wa taabu hiyo akaambiwa, kwa sauti ya kusikika uani, avue nguo haraka kwa kuwa wengine wangoja, hudhihakiwa ikiwa atasita. Husemwa kuwa ni mshamba. Husemwa kuwa hakusoma. Husemwa kuwa mficha uchi hazai.

Mimi nasimama leo kuipinga dhihaka hiyo. Nasema kwamba aibu ya mgonjwa si ujinga, bali ni akili. Na ya kwamba anayepaswa kuona haya si yule aliyelala kitandani bila nguo, bali ni yule aliyemwacha mlango wazi.

Sina haki ya kusema hivyo kwa majivuno, kwa sababu mimi mwenyewe niliwahi kuwa katika kundi la wenye kudhihaki. Nalikuwa na shangazi, dada mkubwa wa baba yangu, mama mwenye maneno machache na kazi nyingi. Mwaka nilipotoka chuo cha ualimu, nikiwa ningali na kiburi cha cheti kipya, aliniambia faraghani kuwa ana uvimbe mgumu katika titi. Nikamhimiza aende hospitali. Alipositasita, nilimtupia methali ile ile ya mficha uchi, kama mtu amtupiaye mwenziwe jiwe. Akaenda.

Nilikuja kuyajua yaliyompata baadaye sana. Aliingia chumbani, na mlango haukufungwa nyuma yake. Benchi la wagonjwa lilielekea mlango huo, na juu yake walikaa watu wa kijiji kimoja naye, akiwamo mkwewe. Vijana watatu wanafunzi wa utabibu waliingia bila ya kubisha. Hapakuwa na hata mmoja aliyemtajia jina lake, wala aliyemweleza atafanywa nini, wala aliyemwomba ruhusa. Aliamriwa tu aondoe leso yake. Shangazi yangu aliishika leso yake kwa mikono miwili, akaikaza, akainuka, akarudi nyumbani. Nilipomkaripia, alinijibu neno moja ambalo halijanitoka moyoni mpaka leo: "Mwanangu, hata ng'ombe wa mnadani hufunuliwa mdomo tu."

Alikaa mwaka mzima bila ya kurejea. Siku aliporejea, uvimbe ulikuwa umekwisha kutangulia mahali pasipofikiwa na kisu wala dawa. Tulimzika kabla ya mvua za masika. Waliomwosha walimfunika kwa nguo tangu kifuani hadi magotini, na mlango walikuwa wameufunga. Nilisimama nje nikiusikia mlio wa maji, nikawaza kuwa staha ile aliyoitafuta kwa daktari ameipata kwa waosha. Na lau angaliipata kwanza kule, pengine asingaliihitaji upesi hivi huku.

Nani aliyemwua? Maradhi, bila shaka. Lakini maradhi yalikuwa na wasaidizi wawili. Mmoja ni mlango ulioachwa wazi. Wa pili ni mimi, niliyeiita akili yake ujinga.

Basi na tuitazame aibu hii kwa makini. Katika chumba cha uchunguzi mna watu wawili wasio sawa kwa jambo lolote. Mmoja amelala, mwingine amesimama. Mmoja yu uchi, mwingine amevaa koti. Mmoja hajui lililo mwilini mwake, mwingine aweza kulijua na kulitaja. Mmoja ana haja, mwingine ana uwezo. Mtu aliyewekwa katika hali hiyo asiposikia unyonge wowote, basi hajaitambua hali yenyewe. Mfalme na mchunga mbuzi huwa sawa juu ya kitanda kile, na wote wawili moyo huwadunda. Kudunda huko si ushamba. Ni mlinzi wa heshima ya mtu apigaye hodi ndani ya kifua.

Sisi wa Mackinnon Road tuna sababu ya kulielewa jambo hili kuliko wengine. Katika miaka ya Hali ya Hatari, iliyotangazwa Oktoba 1952, mji wetu ulikuwa na kambi ya kuwafungia watu waliotuhumiwa kuwa wafuasi wa Mau Mau. Katika kambi za namna hiyo, kumvua mtu nguo na kumpekua mbele ya wenzake ilikuwa njia mojawapo ya kumvunja moyo. Wenye kambi walijua kuwa mtu akinyang'anywa nguo hunyang'anywa nusu ya sauti yake. Silinganishi hospitali na kambi. Hospitali hujengwa ili iponye. Lakini ndiyo sababu hasa haiwezi kujiruhusu kufanya kwa uzembe jambo ambalo kambi ililifanya kwa makusudi. Mwili haujui tofauti ya uzembe na makusudi. Hujua tu kuwa umeaibishwa.

Wako watakaonijibu kuwa haya ni mambo ya hisia, na kwamba elimu ya tiba haina nafasi ya kubembeleza hisia. Jibu lao nitalitoa katika historia ya tiba yenyewe. Mwaka 1816, katika mji wa Paris, daktari René Laennec aliletewa mwanamke kijana mwenye maradhi ya moyo. Desturi ya siku zile ilikuwa daktari kuweka sikio lake juu ya kifua cha mgonjwa. Laennec aliona kuwa jambo hilo halimfai mwanamke yule. Hakumdhihaki, wala hakumlazimisha. Alichukua karatasi, akaikunja ikawa bomba, akaweka ncha moja juu ya kifua na nyingine sikioni mwake. Mapigo ya moyo yakasikika wazi kuliko alivyopata kuyasikia kwa sikio tupu. Hivyo ndivyo kilivyozaliwa kile chombo ambacho kila daktari hukining'iniza shingoni. Kumbuka jambo hili, msomaji, kila ukionapo chombo hicho: chanzo chake ni aibu iliyoheshimiwa. Staha haikuizuia elimu. Iliipa sikio bora zaidi.

Watakuja wengine waseme kuwa wagonjwa ni wengi, waganga ni wachache, na serikali haina fedha. Maneno hayo yana ukweli, nami nawaonea huruma waganga na wauguzi wetu, ambao wengi wao hufanya kazi ya watu watatu kwa mshahara wa mmoja. Lakini na tuhesabu pamoja. Pazia ni kipande cha nguo ya pamba, kamba na misumari miwili. Kufunga mlango ni kazi ya mkono mmoja. Kusema, "Mama, nataka kukupima tumbo, waniruhusu?" kwachukua muda mfupi kuliko kumfukuza nzi. Kumwita mwuguzi mwanamke asimame karibu wakati mwanamume ampimapo mwanamke, au kumtaja mgonjwa kwa jina badala ya kwa ugonjwa wake, hakuandikwi katika hesabu ya dawa. Umaskini waweza kutunyima mashine. Hauwezi kutunyima adabu, kwa kuwa adabu haikupata kuuzwa dukani.

Wa tatu watasema, "Daktari ameona miili elfu, wako ni mmoja tu kati ya hiyo, waonea haya nini?" Hoja hii hupendwa sana, nayo ni dhaifu kabisa. Hodari wa kupiga mbizi amezama baharini mara elfu. Je, hilo humpunguzia hofu mtoto azamaye mara ya kwanza? Mwili wangu ni wa elfu kwa daktari, lakini kwangu mimi ni wa kwanza na wa mwisho. Mazoea ni mali ya daktari, hawezi kunikopesha.

Tena, jambo ninalolidai si sadaka. Ni haki iliyoandikwa. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika ibara ya 28, yasema kuwa kila mtu ana heshima ya asili na haki ya heshima hiyo kulindwa. Ibara ya 31 yalinda faragha yake, na ibara ya 43 yampa haki ya kupata huduma ya afya iliyo bora kadiri iwezekanavyo. Sheria ya Afya ya mwaka 2017 yarudia kuwa mgonjwa atendewe kwa heshima na faragha, aelezwe hali yake, na atoe ridhaa yake, na habari zake zifichwe.

Haki hizi zimekwisha kujaribiwa mbele ya mahakimu, na jaribio moja lilianzia katika kaunti yetu hii ya Kwale. Mwaka 2015 wanaume wawili walikamatwa, wakapelekwa hospitali ya Mombasa ili sehemu zao za siri zichunguzwe kwa lazima, upatikane ushahidi wa kuwashitaki. Walilalamika. Mahakama Kuu iliyakataa malalamiko yao mwaka 2016. Hawakukata tamaa, na Machi 2018 Mahakama ya Rufani mjini Mombasa ikaamua kuwa uchunguzi wa kulazimishwa wa namna ile ulivunja haki zao chini ya Katiba. Usijishughulishe na tuhuma walizotuhumiwa. Shughulika na kanuni iliyowekwa, kwa maana kanuni hiyo yakulinda wewe na mimi. Mkono wa tiba haupasi kuufungua mwili wa mtu bila ya ridhaa yake ili kumtumikia asiyekuwa mgonjwa.

Katika mwezi huo huo wa Machi 2018, Mahakama Kuu ya Bungoma ilimpa haki mama mmoja aliyejifungua juu ya sakafu ya hospitali ya umma mwaka 2013, na badala ya kusaidiwa akatukanwa na kupigwa. Mahakama iliamuru alipwe shilingi milioni 2.5. Fedha haziwezi kuirudisha siku ile ikatendeka upya. Lakini hukumu ile ilitamka mbele ya nchi nzima kuwa mzazi aliye chini sakafuni ni mtu, na utu wake haudondoki pamoja na nguo zake.

Huenda wewe wafikiri kuwa mambo haya ni ya wazee na ya akina mama. La, ni yako pia. Tangu vizazi vingi watoto wa Kwale wamesumbuliwa na kichocho. Vijidudu vyake hutoka katika konokono wa maji baridi, navyo hupenya ngozi ya mtu aogaye au achotaye maji katika bwawa au mto. Ishara yake ni damu katika mkojo. Dawa yake ipo, ni vidonge vya kumeza. Lakini mvulana aionaye damu hiyo hunyamaza, kwa kuwa aogopa kuchekwa. Msichana hunyamaza zaidi, kwa kuwa maradhi hayo yakifika katika viungo vyake vya uzazi dalili zake huweza kudhaniwa kuwa ni za maradhi ya zinaa, naye hana kosa ila kuchota maji. Kadhalika matende, ambayo huenezwa na mbu, yamewaachia wanaume wengi wa pwani mabusha. Busha hupasuliwa likaisha, lakini wako waliolibeba chini ya kikoi miaka ishirini kuliko kulionyesha. Na saratani ya mlango wa kizazi, mojawapo ya saratani ziuazo wanawake wengi katika Kenya, huweza kugunduliwa mapema kwa uchunguzi wa dakika chache. Oktoba 2019 serikali ilizindua mjini Mombasa chanjo ya kuikinga, kwa wasichana wa umri wa miaka kumi. Chanjo huchomwa mkononi, na haina aibu. Uchunguzi ndio wenye aibu, na uchunguzi ndio uokoao mama zenu ambao hawakuipata chanjo hiyo.

Hivyo sikubaliani hata kidogo na yule atakayeyasoma maneno yangu akasema, "Mwalimu ametwambia tusiende hospitali." Mficha maradhi, kilio humfichua. Kukimbia si dawa. Shangazi yangu alikimbia, nami nimekueleza mwisho wake. Nataka uende, lakini uende ukiwa mtu, usiende ukiwa ng'ombe wa mnadani. Methali ya mficha uchi ni ya kweli, ila tumeisoma nusu. Ilitungwa kwa ajili ya mzazi na mkunga. Humwamuru mzazi afunue. Lakini mkunga wa zamani alifunga mlango, akawafukuza watoto uani, akatandika kanga, na aliyoyaona hakuyapeleka kisimani. Tumeuchukua wajibu wa mgonjwa, tukautupa wajibu wa mkunga, kisha twashangaa kuwa methali haifanyi kazi.

Nakupa basi maneno machache ya kuchukua pamoja na kadi yako ya hospitali. Waweza kusema, "Naomba mlango ufungwe." Waweza kusema, "Naomba unieleze kwanza utakalonifanya." Waweza kusema, "Naomba mama yangu awe hapa," au "Naomba nipimwe na mwanamke." Waweza kusema, "Naomba usimame kidogo," na mganga mwema atasimama. Mara nyingine litakalokosekana litakosekana kwa haki, kwa kuwa mganga ni mmoja na wakati wa hatari hauchagui; hapo vumilia, uhai watangulia. Lakini jihadhari na jambo moja. Uchunguzi wa haki hauogopi shahidi. Mtu yeyote, awe na koti jeupe au awe na cheo gani, akikutaka uvue nguo mahali pa siri, akimkataza mzazi wako kuingia na kukuonya usimwambie mtu, huyo hakupimi. Ondoka, ukaseme.

Na baadhi yenu, wanafunzi wangu, ndio mtakaovaa koti lenyewe. Miaka kumi haiko mbali. Mtasimama mbele ya kitanda mkiwa na haraka, na njaa, na foleni ndefu mlangoni, na juu ya kitanda atakuwapo mama aliyeikaza leso yake kwa mikono miwili. Msimwite mshamba. Fungeni mlango, mtajeni kwa jina lake, mwulizeni, mngojeni ajibu. Hilo halitamponya saratani. Litamfanya arudi kesho, na kesho ndiyo imponyayo.

Wahenga waliotuachia methali ya maiti walituachia na nyingine iliyo fupi zaidi: mwosha huoshwa. Hapana daktari atakayekufa akiwa daktari. Siku moja kila mmoja wetu atalala chali, uchi, akiutazama mlango na kuomba moyoni kwamba mtu aufunge. Basi na tuufunge sasa kwa ajili ya wengine, tukiwa tungali tumesimama.